Hadhira Isiyo na Uso: Lugha, Jiji na Mtandao katika Kazi za Jim Chuchu

Imekuwa ada katika maandishi yetu ya miaka ya karibuni kudai kwamba mtandao umeirudishia fasihi simulizi uhai wake. Hoja yenyewe hutungwa hivi: kitabu kilimtenga mtunzi na wasikilizaji wake, fanani aliyezoea kujibiwa papo hapo akageuka jina lililopigwa chapa juu ya jalada, na sasa simu ya mkononi imemrudisha mbele ya hadhira inayosema, inayocheka, inayokosoa na kuongeza la kwake. Wanaoandika hivyo humtaja Walter Ong na kitabu chake cha 1982, ambamo alieleza kwamba redio, simu na televisheni zimezaa usimulizi wa mara ya pili, usimulizi uliosimama juu ya mabega ya maandishi. Kisha humrudia Ruth Finnegan, ambaye tangu 1970 alisisitiza kwamba kazi ya fasihi simulizi haikamiliki bila ya kutendwa mbele ya watu. Kwa sisi wa Nairobi hoja hii ina utamu wa ziada, kwa kuwa tangu pendekezo la Ngũgĩ wa Thiong'o, Owuor Anyumba na Taban lo Liyong la mwaka 1968, fasihi simulizi imekuwa nguzo ya madai yetu kwamba taaluma hii ni yetu. Nani asingependa kusikia kwamba nguzo hiyo imechipua majani?

Makala haya yanaitilia shaka hoja hiyo. Hatukusudii kukanusha kwamba mtandao una hadhira, tunauliza ni hadhira ya namna gani, na je, ndiyo ile iliyoitikia "Pakawa!" baada ya kusikia "Paukwa!"? Tutalichunguza swali hili kwa kuziangalia kazi chache za Jim Chuchu, msanii wa Nairobi aliyezaliwa mwaka 1982, ambaye ni mwanamuziki, mpiga picha, mwongozaji wa filamu na mtungaji wa sanaa ya video. Tunamchagua yeye kwa kuwa ameishi ndani ya swali hili tangu alipoanza kazi, na kwa kuwa, kwa maoni yetu, amelijibu vizuri kuliko sisi wahakiki.

Pengine yatupasa kwanza kueleza kwa nini kazi za kamera na kompyuta zijadiliwe katika jarida la lugha. Sababu ni kwamba vitu viwili vilivyo muhimu kupita vyote katika kazi hizi, yaani majina yake na namna zinavyomwita mtazamaji, ni vitu vya lugha. Na lugha hiyo mara nyingi ni Kiswahili cha Nairobi. Wako wenzetu watakaosema kwamba hicho si Kiswahili bali ni Sheng, na kwamba tuwaachie wanaisimujamii. Hoja hiyo haitusumbui sana. Mtafiti anayekwenda kurekodi ngano kijijini hamrudishi bibi nyumbani kwa sababu lahaja yake si ya Mombasa. Linalotusumbua zaidi ni istilahi: vitabu vya shule vya Kenya vinasema tarakilishi na runinga, ilhali watu wanaosimuliwa habari zao humu wanasema kompyuta na TV, nasi tutawafuata wao. Na kwa kile kichekesho cha mtandaoni ambacho mtu hukipokea, hukigeuza kidogo na kumpisha mwingine, tutasema tu mzaha wa kupokezana, hadi wenye kamusi watakapotuletea neno.

Yatupasa kuongeza pia kwamba jina la Chuchu katika makala haya ni ufupisho. Kazi zake za mwanzo alizifanya pamoja na wenzake wa Just a Band, bendi iliyoanzishwa na wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Kenyatta mwaka 2003. Na tangu 2012 amefanya nyingi pamoja na kikundi cha Nest Collective cha Nairobi, ambamo wamo George Gachara, Njoki Ngumi na wengineo. Mtunzi mmoja aliyekaa peke yake chumbani na kalamu yake hayupo hapa.

Tuanze na Makmende. Mwezi Machi 2010 Just a Band walitoa video ya wimbo wao "Ha-He", kutoka albamu yao ya 82 ya mwaka 2009. Ilikuwa ni filamu fupi ya mzaha: shujaa mwenye nywele za afro na kitambaa kipajini, anayewatwanga wahalifu kwa mtindo wa zile filamu za mapigano za miaka ya sabini, na kila kitu mle ndani, toka rangi hadi mavazi, kikiiga uchakavu wa filamu hizo. Wakati ulikuwa mwafaka. Waya wa SEACOM wa chini ya bahari ulianza kazi Mombasa mwezi Julai 2009, na kwa mara ya kwanza vijana wengi wa Nairobi wakaweza kutazama video mtandaoni bila ya kungoja nusu saa. Katika siku chache Makmende alikuwa amesambaa. Watu wakatunga mamia ya sentensi za chuku juu ya nguvu zake, wakifuata mtindo wa vichekesho vya Chuck Norris. Wakambandika kwenye majalada ya magazeti ya kubuni na kwenye noti. Wahariri wa Wikipedia waliufuta ukurasa wake zaidi ya mara moja kabla ya kukubali kwamba ni jambo lenye kustahili kuandikwa, na Wakenya wengi waliuchukulia ubishi huo kama pigano la Makmende mwenyewe.

Kwa msomaji wa jarida hili, hata hivyo, jina lenyewe lina mengi kuliko video. Asili yake ni maneno ya Kiingereza "make my day", ambayo Clint Eastwood alimtolea mhalifu katika filamu ya 1983. Watoto wa mitaa ya Nairobi waliyasikia maneno hayo kwenye kanda za video, wakayafinyanga wapendavyo: irabu mbili za neno la kwanza zikawa a, "my" ikawa me, na d ya mwisho ikapata n mbele yake, jambo lisilomshangaza mtu yeyote anayejua Kigĩkũyũ, ambamo d haikai peke yake. Mkusanyiko km ukabaki katikati kama jiwe kwenye mchele, na labda ndio uliolifanya jina litambe mdomoni. Kufikia miaka ya tisini Makmende alikuwa ni mtoto yeyote anayejifanya shujaa. Yaani kitisho kilichosemwa katika nafsi ya kwanza kwa amri kimegeuka nomino, nomino hiyo ikaingia ngeli ya watu, ikachukua kitenzi: Makmende amerudi. Sentensi hii ndiyo iliyoivumisha video, na uzito wake wote uko katika -me-. Amerudi kutoka wapi? Asiyekulia Nairobi wakati huo hana jibu. Aliyekulia hapo anajua kwamba anayerudi ni utoto wake mwenyewe, pamoja na ile kanda ya video iliyokwaruzika na lile kosa la matamshi ambalo mwalimu wa Kiingereza angelipigia mstari mwekundu.

Hapa, hatuna budi kukiri, watetezi wa usimulizi wa mara ya pili wana haki yao. Hadhira ya Makmende ilifanya alichofanya msikilizaji wa masimulizi ya Fumo Liyongo: ilimpokea shujaa, ikamwongezea kimo, ikashindana nani atasema uongo mtamu zaidi. Kila aliyeongeza sentensi alitumia maneno yake, na aliyesema jambo baridi alichekwa. Chuku ni fani yenye masharti. Haidhuru kwamba waliokuwa wakipokezana hawakuonana. Walichopokezana kilikuwa sifa, na sifa ya mtu asiyekuwepo haimjeruhi mtu. Lakini tuweke alama kwenye sharti hilo, kwani kazi zilizofuata zitaliondoa.

Mwaka 2014 Nest Collective walitoa Stories of Our Lives, yaani hadithi za maisha yetu, filamu isiyo na rangi yenye hadithi fupi tano, chini ya uongozi wa Chuchu. Chanzo chake ni ushuhuda uliokusanywa kutoka kwa mamia ya Wakenya wanaopenda watu wa jinsia yao, walioongea kwa sharti kwamba majina yao yasijulikane. Hata watengenezaji wenyewe hawakutia majina yao kwenye filamu mwanzoni. Ni katika tamasha la filamu la Toronto, Septemba 2014, ndipo Chuchu, Gachara na Ngumi walipojitokeza. Bodi ya kuainisha filamu ya Kenya ikakataa isionyeshwe nchini kwa hoja kwamba inaeneza mapenzi ya jinsia moja kinyume cha maadili ya taifa, na mwezi Oktoba mtayarishaji wake akakamatwa kwa madai ya kupiga filamu bila ya leseni. Mwaka uliofuata ilituzwa na jopo la tuzo za Teddy huko Berlin. Msomaji anaweza kuwa na msimamo wake juu ya maudhui. Sisi hapa tunaangalia fani, na fani ya filamu hii ni mkusanyo wa simulizi. Mtafiti yeyote wa fasihi simulizi ataitambua mara moja: nenda kwa watu, wasikilize, andika, kisha uwape waigizaji waliyosema. Tofauti ni kwamba wasimulizi hawa walificha nyuso zao, na hawakufanya hivyo ili wadhuru mtu. Walifanya hivyo ili wasidhuriwe.

Hadithi ya kwanza kati ya hizo tano inahusu wasichana wawili wa shule, na ina jina lenye lugha mbili, Ask Me Nicely na Itisha Poa. La pili si tafsiri ya la kwanza kwa usahihi, na hapo ndipo penye ladha. Katika Kiswahili sanifu huitisha mkutano mwenye mamlaka ya kuitisha. Ni kitenzi cha wakubwa. Nairobi kimeshuka ngazi, kikawa cha hotelini na dukani: mtu huitisha chai, huitisha soda, huitisha pesa zake. Poa nalo limetoka kwenye joto la chai likaja kwenye tabia za watu. Kwa hiyo msichana anayesema "itisha poa" anaomba aombwe kama mtu aliyesimama mbele ya mtu. Hakuna mamlaka katika sentensi hiyo, kuna macho mawili yanayotazamana. Na filamu haidanganyi kwamba kutazamana ni usalama: katika hadithi iitwayo Run, anayemkimbiza kijana Patrick si umati usiojulikana, ni rafiki yake, anayemjua kwa jina.

Sasa tunafika kwenye kazi ambayo kwa maoni yetu ndiyo kuu, Tuko Macho, tamthilia ya mfululizo iliyotolewa kwa vipande mtandaoni mwaka 2016 na kupelekwa Toronto mwaka huohuo. Kisa chake ni rahisi kusimulia. Kikundi cha siri kinachoongozwa na mtu aitwaye Biko kinawateka watu wanaodaiwa kuwa wahalifu jijini Nairobi, kinawaweka mbele ya kamera, kinasoma mashtaka yao mtandaoni, na kuwaachia wananchi wapige kura. Kura ndiyo hukumu. Polisi wanakitafuta kikundi hicho, na huku jiji linatazama. Mazungumzo yanachanganya Kiswahili, Sheng na Kiingereza kama yanavyochanganywa kwenye matatu. Ama kuhusu jina la Biko, hatudhani kwamba mtu wa Afrika anaweza kumpa mhusika jina hilo bila ya kumkumbuka aliyeuawa mikononi mwa polisi wa Afrika Kusini mwaka 1977. Kwamba mwenye jina la aliyeteswa ndiye sasa anayetesa, ni kejeli ambayo tamthilia inaiacha ijisemee.

Kichwa cha tamthilia hii hufasiriwa kwa Kiingereza kuwa "tunatazama". Tafsiri hiyo imekosa nusu ya kazi. Kuwa macho kwa Kiswahili si kumtazama mtu, ni kutolala. Mgonjwa anayekesha yu macho, mlinzi wa zamu yu macho, mama wa mtoto mchanga yu macho. Ni hali ya mtu na nafsi yake, haina yambwa, haihitaji anayetazamwa. Lakini macho ni macho vilevile, wingi wa jicho, na tunapolisikia neno hili hatuwezi kuisahau ile nyama inayoona. Nairobi imeongeza la tatu: badala ya "tu macho" ya wazee, inasema "tuko macho", kwa kiambishi kilekile cha mahali kinachosema tuko hapa, tuko nyumbani. Kwa hiyo sentensi hii ya maneno mawili inaweza kusomwa kuwa hatujalala, kuwa tunakuona, na kuwa tupo, tumekuzunguka. Mwendo mzima wa tamthilia ni safari kutoka maana ya kwanza hadi ya tatu. Watu wanaamka kwanza, na kuamka ni jambo jema, kwani wizi wa mali ya umma na ujambazi wa barabarani vimewachosha. Kisha wanatazama. Kisha wanazunguka.

Tena kuna swali la tu-. Lugha nyingine zina "sisi" mbili, moja inayomtia ndani anayesemeshwa na nyingine inayomwacha nje. Kiswahili kina moja tu. Tuko macho ni nani? Ni Biko na watu wake wanaoionya Nairobi, au ni Nairobi yenyewe, au ni mimi ninayetazama kipande cha tano usiku simu ikiwa mkononi? Mtunzi hakuhitaji mbinu yoyote ya kamera kumtia mtazamaji hatiani. Sarufi ilikuwa imekwisha kumfanyia kazi hiyo. Hali kadhalika swali linaloulizwa wapiga kura, tukiliweka katika Kiswahili fasaha, ni kitenzi kimoja: auawe au asiuawe? Ni hali ya kutendwa, na mtendaji hatajwi. Anayebonyeza simu hajasema "nitamuua", wala hata "muue". Ameridhia tu kwamba jambo litendeke, na litendwe na asiyetajwa.

Linganisha na hadhira ya ngano. Anayeitikia "Pakawa" amekaa hatua mbili kutoka kwa fanani, ambaye anajua ni mtoto wa nani. Akiitikia kwa utovu wa adabu atapata jawabu lake asubuhi. Tunaweza kudhani kwamba haya ni mambo ya moto wa kijijini yasiyowezekana palipo na mashine. Si kweli. Malumbano ya washairi, ambayo tunayajua tangu zama za Muyaka, yalihamia kwenye magazeti na redio bila ya kupoteza sharti hili. Mshairi wa Taifa Leo alitia lakabu yake na mji wake chini ya shairi. Lakabu iliweza kulificha jina, lakini haikumficha mtu, kwa kuwa mpinzani wake alijua nani amemjibu na atamjibu wapi. Mtambo wa kupiga chapa haukuua hadhira ya Kiswahili. Kilichoibeba ni dhamana, yaani kule kujulikana kwamba neno hili limetoka kwangu, na sauti peke yake isingetosha.

Hadhira ya Tuko Macho ina sauti bila dhamana, na mfano wake katika maisha yetu tusiutafute kwenye ngano bali barabarani. Kuna neno moja la Kiswahili ambalo kila mkazi wa Nairobi anajua kazi yake: "Mwizi!" Aliyelitamka kwanza hujulikana na jirani zake wawili, wa kumi hajui nani alilitamka, na jiwe linapotupwa hakuna aliyelitupa. Neno hilo lina fanani, lina mwitikio, lina hadhira inayoshiriki kikamilifu, na kama ushiriki wa hadhira ndio kipimo chetu cha uhai wa fasihi simulizi, basi itatubidi tuliingize kwenye silabasi. Chuchu na wenzake waliona, mapema kuliko wengi, kwamba mtandao ungeweza kulipa neno hilo jukwaa. Hawakubuni sana. Jiji lilikuwa limepitia shambulio la Westgate la Septemba 2013. Serikali ikahimiza mpango wa Nyumba Kumi, ambao jina na wazo lake vinatukumbusha balozi wa nyumba kumi wa Tanzania, ili jirani amwangalie jirani. Kamera za usalama zikatundikwa kwenye barabara kuu. Na kati ya 2016 na 2017 kukawa na kurasa za Facebook zilizobandika picha za vijana wa Eastlands walioitwa majambazi, zikiwaonya kwamba siku zao zimehesabiwa, na baadaye zikabandika picha za maiti. Mwenye ukurasa hakuonekana uso. Chini ya picha hizo kulikuwa na maoni ya wasomaji, mengi yakishangilia. Kituo cha haki za kijamii cha Mathare kilipotoa ripoti yake ya mauaji ya polisi mwaka 2017, mtu aliyeitazama Tuko Macho hakuwa na haki ya kushangaa.

Tuna lawama moja. Tamthilia ya vipande hula kwa kungojewa: kila sehemu sharti imwache mtazamaji na njaa ya ifuatayo, na katika Tuko Macho njaa hiyo ni ya hukumu. Kazi inayotaka kutuonyesha ubaya wa tamaa yetu inaiuza tamaa ileile ili tusiondoke. Mtetezi atasema kwamba ndiyo namna pekee ya kumnasa mtazamaji ndani ya "tu" hiyo, na pengine ni kweli. Lakini waliotekwa katika hadithi hawapewi muda wa kutosha wa kuwa watu kabla ya kuwa kesi, na hapo mtunzi amefuata kalenda ya mtandao kuliko sheria ya kisa. Yule Patrick wa Run ana dakika chache tu, na tunamjua zaidi.

Kazi ya Invocation ya mwaka 2015, video mbili zinazofuata umbo la ibada ya kutenganishwa na kufunguliwa, tutaipita haraka. Iliwekwa katika maonyesho ya vinyago yaliyofanyika Seattle mwaka huo na kufika Brooklyn mwaka 2016, na ni kazi nzuri kwa macho. Lakini haitegemei mazungumzo, na jiji limeondolewa; mwili, mwanga na mapigo ya muziki ndivyo vilivyobaki. Kinyago kinaficha uso kwa utukufu, bila ya hatari ile tuliyoiona. Inaweza kueleweka Seattle kama inavyoeleweka Nairobi, na kwetu huo ni upungufu.

Kutokana na haya mtu angeweza kuharakisha kusema kwamba kuficha uso ndiyo kosa lenyewe, na kwamba mtandao ungesafika laiti kila mtu angetia jina lake. Stories of Our Lives inatuzuia. Na tangu hapo mambo yamezidi kukatazana. Katika maandamano ya Juni 2024 dhidi ya Mswada wa Fedha, vijana walisambaziana namba za simu za wabunge na kuhimizana "wawasalimie". Kitenzi cha adabu kuliko vyote katika lugha yetu kikapata kazi ya kumkosesha mheshimiwa usingizi. Wabunge walilalamika kwamba wanaandamwa na umati usio na uso. Katika miezi iliyofuata baadhi ya walioandika na kuchora mtandaoni kwa majina yao, au kwa lakabu zilizotambuliwa, walitekwa. Je, hadhira hii ni ile ya "Mwizi!" au ni ile ya ushuhuda uliofichwa? Tofauti moja tunaiona: anayesalimiwa ana mamlaka, ana walinzi, na anaweza kuizima simu yake. Aliyefungwa kwenye kiti mbele ya kamera ya Biko hana chochote. Mwenye kutafuta kanuni ya uhakiki wa fasihi ya mtandao aanzie hapo, kwenye swali la nani anayehukumiwa na ana nini mkononi, kabla ya kuhesabu ni wangapi walioitikia.

Mwaka 2022 Nest Collective walipeleka kazi Ujerumani, kwenye maonyesho ya documenta ya 15 mjini Kassel. Kwenye uwanja wa majani wa bustani ya Karlsaue walijenga banda la marobota ya nguo kuukuu, na ndani yake wakaonyesha video ambamo watu wa huku wanaizungumzia biashara hiyo. Waliita kazi hiyo Return to Sender, yaani irudishwe kwa aliyetuma. Sisi tunaiita bidhaa hiyo mitumba, na mtumba ni robota lenyewe, furushi lililofungwa. Lugha imezipa nguo jina la kifungashio chao kwa kuwa kifungashio ndicho pekee tunachokifahamu vizuri. Barua hurudishwa kwa aliyeituma kama ametia anwani yake nyuma ya bahasha. Robota la mitumba linalofika Gikomba halina anwani wala jina. Aliyelitoa hana uso kwetu, kama sisi tusivyo na uso kwake. Mtazamaji wa Kassel aliyeingia bandani kuitazama video alikuwa amezungukwa pande zote na nguo ambazo huenda zingine ziliwahi kuwa zake.